Kichupa cha watu watano

Nikiulizwa kwa nini Watanzania walisuasua kuchanja UVIKO-19, mwulizaji mara nyingi anakuwa na jibu lake tayari: uvumi. Uvumi ulikuwepo, tena mwingi. Lakini kwa mimi niliyeratibu chanjo ngazi ya wilaya, kuna jambo jingine lililotukwamisha na halizungumzwi inavyostahili.

Shehena ya kwanza iliingia nchini Julai 24, 2021: dozi 1,058,400 za Johnson & Johnson kutoka Marekani kupitia COVAX, mpango wa kimataifa wa kugawana chanjo za UVIKO-19. Siku nne baadaye Rais Samia Suluhu Hassan alichanja hadharani Ikulu, Dar es Salaam. Januari ya mwaka huohuo mtangulizi wake, Hayati Magufuli, alikuwa amewaambia wananchi kwamba chanjo hizo hazifai. Kauli mbili zinazopingana, zote za Rais, katika mwaka mmoja. Aliyesema "ngoja kwanza nione" hakuwa mjinga, na inaniuma kila ninaposikia akiitwa hivyo.

Sasa njoo kwenye kichupa. Kimoja cha chanjo hiyo kina dozi tano. Ukishatoboa kizibo una saa 6 tu za kukitumia, na muda wote huo kikae kwenye nyuzi joto 2 hadi 8. Zikipita, kilichobaki kinatupwa na kuandikwa kwenye ripoti kama dozi zilizoharibika. Hakuna mchanjaji anayependa kuijaza hiyo safu. Basi anafika mama mmoja zahanati, ametoka kitongoji cha mbali kwa miguu. Anaambiwa, "Mama, keti kidogo, tunasubiri mfike watano." Adhuhuri inapita, wako wawili. "Mama, hebu rudi kesho." Kesho ni siku ya palizi, harudi. Huko mjini anahesabiwa miongoni mwa waliogoma.

Msimamo wangu ni kwamba kichupa kifunguliwe hata kwa mtu mmoja. Dozi nne zikimwagwa ni hasara, sawa. Lakini mgonjwa wa kisukari akirudishwa kutoka mlangoni amebaki bila kinga, na jioni atawasimulia majirani kwamba chanjo haipatikani.

Kilichobadilisha mambo ni kuwafuata watu waliko. Mwanzoni mwa 2022 waliokamilisha chanjo hawakufika asilimia 5 ya Watanzania. Kufikia 2023 walikuwa kama nusu ya wananchi wote. Hapo katikati kulikuwa na mpango shirikishi na harakishi, ambao kwa lugha yetu ya kazi ni huduma ya mkoba iliyopanuliwa: mnadani, msikitini, kanisani, stendi, nyumba kwa nyumba. Wahudumu wa afya ngazi ya jamii walitangulia, wenyeviti wa vitongoji wakatuita watu. Ukiwa mnadani hata tatizo la kichupa linakwisha, maana watano hupatikana kabla hujamaliza kupanga meza.

Mzee mmoja mfugaji aliniuliza, "Mwanangu, hii inachomwa mara ngapi?" Nikamjibu, "Mara moja tu, mzee wangu." Akakunja mkono wa shati palepale. Anayehama na mifugo hawezi kukuahidi kurudi baada ya wiki tatu. Ukimpa dozi inayokamilika siku hiyohiyo, umemaliza kazi.

Halafu kuna benchi. Kila aliyechanjwa hukaa dakika 15 tumwangalie, maana mzio mkali, ambao ni nadra, huanza mapema. Dakika hizo zilitufanyia kazi kuliko kipaza sauti. Watu walimwona jirani yao amekaa, anapiga soga, kisha anainuka kwenda kununua ng'ombe. Na hapo ndipo maswali ya kweli yalipotoka. Wanawake waliuliza juu ya ugumba; tulijibu kwamba hakuna ushahidi wowote kuwa chanjo hizi zinazuia mimba. Walioulizia damu kuganda hatukuwaficha: kwa Johnson & Johnson lilitokea, kwa watu wachache sana kati ya milioni, kwa kawaida ndani ya wiki tatu, kwa hiyo maumivu makali ya kichwa yasiyoisha au mguu kuvimba ni dalili za kukimbilia hospitali. Kuna viongozi walioona tukisema hivyo tutawatisha watu. Mimi niliona kinyume chake: ukitaja madhara kabla hujaulizwa, unaaminiwa na kwa yale mengine.

Haya nayasema leo kwa sababu ya mabinti zetu. Tangu Aprili 2024 chanjo ya HPV, inayokinga saratani ya mlango wa kizazi, inatolewa Tanzania kwa dozi moja kwa wasichana wa miaka 9 hadi 14, na wengi wanaipata shuleni. Asiyekwenda shule tunampataje? Yuko mashambani, yuko kwenye kazi za ndani, ameandamana na mifugo. Waratibu wenzangu, ratiba za mkoba za robo hii zitaje minada na vitongoji vyao kwa majina, na mchanjaji aliyefungua kichupa kwa mtu mmoja asiitwe kujieleza.