Mashine za kufukua jana: hadithi zinavyosema, fizikia inavyojibu

Katika hadithi za kubuni za sayansi, mashine ya kusikia na kuona yaliyopita kazi yake ni nyepesi: unazungusha kitasa, unachagua mwaka, na watu waliokufa zamani wanaanza kusema. Hadithi ni hadithi, haina kesi. Ila maelezo yanayobandikwa ili mashine ionekane ya kweli yamehamia vichwani mwa watu, na huko yanarudiwa kama elimu. Kila moja lina dawa yake katika swali hili: tukio liliandikwa na nini, juu ya nini?

"Mtungi wa kale ni santuri"

Inasemwa kwamba mfinyanzi alipochora mfuo kwenye mtungi unaozunguka, ncha ya kijiti ilitikiswa na mazungumzo ya waliokuwepo, basi mfuo ukisomwa leo utatoa maneno. Si utani wa mitaani tu: mwaka 1969 Richard Woodbridge alilichapisha wazo hili katika jarida la wahandisi.

Wengi wanaolipinga husema gurudumu lilikwenda polepole mno. Hapo wanakosea. Mtungi wa upana wa sentimita 20 ukizunguka mara moja kwa sekunde hupitisha sentimita 63 za udongo chini ya kijiti. Santuri ya sentimita 30, kwenye ukingo wake, hupitisha kama 50. Kasi ipo ya kutosha. Kinachokosekana ni nguvu. Mtu anayepiga kelele karibu nawe huleta shinikizo la paskali 1 hivi. Kwenye kijiti chenye uso wa sentimita 10 za mraba, hiyo ni nyutoni 0.001, sawa na uzito wa sehemu ya kumi ya gramu. Mkono ukikibonyeza kijiti kwa nyutoni 1 tu, tayari umeishinda sauti mara 1,000, na mkono wenyewe hutetemeka mara 8 hadi 12 kwa sekunde. Ongeza chembe za mchanga zinazokwaruza, kisha tanuri linaloufanya udongo usinyae. Kitakachosikika ni mikwaruzo.

Linganisha na kifaa kilichofanya kazi hiyo kweli. Fonoautografu ya Édouard-Léon Scott de Martinville, aliyoisajili Ufaransa mwaka 1857, ilikuwa na pembe pana ya kukusanya sauti, utando mwembamba, na unywele mgumu uliochora kwenye karatasi iliyopakwa masizi. Masizi hayabishani na unywele, udongo unabishana. Mchoro wake wa tarehe 9 Aprili 1860 ulitolewa sauti mwaka 2008 kwa kompyuta, na watu wakasikia kama msichana anaimba. Baadaye ikagundulika kasi ilikuwa maradufu. Pembeni mwa wimbo Scott alichora pia mtetemo wa uma wa chuma unaolia noti moja, uwe saa ya mchoro, lakini Wafaransa wa wakati ule walihesabu kwenda na kurudi kuwa mitetemo miwili. Kasi iliposhushwa, msichana akageuka mwanamume, na inaaminika ni Scott mwenyewe. Mashine ilisoma sawasawa; kosa lilikuwa kwenye kipimo.

"Hewa inatunza kila neno"

Mwanahisabati Mwingereza Charles Babbage aliandika mwaka 1837 kwamba hewa ni maktaba kubwa ya kila kilichowahi kusemwa. Inapendeza. Lakini mazungumzo ya kawaida huisogeza hewa kwa takribani nanomita 8 (nanomita ni sehemu ya bilioni ya mita), wakati molekuli moja husafiri kama nanomita 70 kabla ya kugonga nyingine, na hugongana mabilioni ya mara kila sekunde. Neno huishia kuwa joto kidogo chumbani.

"Tukifika mbali tutaitazama nuru ya zamani"

Nusu yake ni kweli. Nuru ya nyota iliyolipuka ambayo mwanaastronomia Tycho Brahe aliitazama mwaka 1572 ilichunguzwa tena mwaka 2008, kwa sababu sehemu yake iligonga vumbi la mbali na kuchelewa kutufikia. Wanaastronomia huuita mwangwi wa nuru. Tatizo ni kwamba nuru iliyokwisha kuondoka duniani haikimbiliki. Hata kama kuna mtu yuko tayari umbali wa miaka ya nuru 1,000, ili atofautishe kitu cha nusu mita atahitaji darubini yenye kioo cha upana wa kilomita bilioni 11 hivi, kupita kipenyo cha njia ya sayari Neptune.

"Kuna mtawa aliyeijenga"

Ni Pellegrino Ernetti wa Italia, aliyedaiwa mwaka 1972 kuwa amejenga mashine ya kuona yaliyopita. Picha iliyodaiwa kuwa ya Yesu ilifanana na sanamu ya kuchonga iliyoko Collevalenza. Tusonge mbele.

"Eksirei kali itasoma chochote"

Gombo la kale lililoungua la En-Gedi, Israeli, lilisomwa mwaka 2015 bila kukunjuliwa, na ndani mlikuwa na Mambo ya Walawi, kwa kuwa wino wake ni mzito kuliko ngozi iliyoubeba. Magombo ya Herculaneum, mji wa kale wa Italia, yaliyozikwa na volkano ya Vesuvius mwaka 79 BK, yalikuwa kizuizi kingine: wino ni kaboni, na mafunjo yenyewe yameungua kuwa kaboni, hivyo eksirei haikuona tofauti hata ikiongezwa nguvu. Njia ilipatikana kwenye umbo. Wino ukikauka huacha utando mwembamba wenye nyufa, kama matope ya bwawa lililokauka, na programu ilifundishwa kuzitafuta nyufa hizo. Neno zima la kwanza, mwaka 2023, lilikuwa la Kigiriki, na maana yake ni zambarau.