Kihatarishi si mwelekeo, wala si hasara iliyokwisha kutokea

Kila msimu wa ripoti za mwaka ukifika, huanza kusambaa sentensi ya aina moja: kampuni fulani ya simu na televisheni "imekiri" kwamba inaweza kupoteza wateja, kudukuliwa, kunyang'anywa leseni au kushindwa kulipa madeni. Aliyeiandika hakuzua. Ukurasa upo na maneno yapo, ila hakuna kilichokiriwa: amesoma sehemu ya vihatarishi, yaani ile ambamo kampuni huorodhesha mambo yanayoweza kwenda vibaya, akadhani ni taarifa ya habari. Na hapo hapo hukusanya WhatsApp, watazamaji kuacha madishi, gharama za 5G na bei ya masafa ya mawimbi ya simu, vyote akaviweka kapu moja na kuviita "hatari zinazoikabili kampuni". Nimelisoma hili mara nyingi mno, tena kwa watu wanaowashauri wenzao wanunue hisa au waziuze. Naomba tulitenganishe.

Kihatarishi cha biashara ni jambo ambalo huenda likatokea na huenda lisitokee, na likitokea litaiumiza kampuni katika mapato, mtaji au jina lake. Basi. Vitu viwili vinakitambulisha: shaka kama kitatokea, na madhara kikitokea. Kimoja kikikosekana, ulichoshika ni kitu kingine.

Kitu kinachochanganywa nacho kuliko vyote ni mwelekeo wa sekta. Mwelekeo ni upande ambao sekta nzima tayari inakwenda. Unapimika, una takwimu za miaka kadhaa nyuma yake, na haumhusu mtu mmoja. Chukua SMS. WhatsApp ilianzishwa mwaka 2009, na Facebook ilipotangaza mwaka 2014 kwamba inainunua kwa dola bilioni 19 za Marekani, kampuni za simu zilikuwa zimekwisha kuwaona wateja wakihamisha mazungumzo yao kutoka kwenye ujumbe wa kulipia mmoja mmoja kwenda kwenye bando la intaneti. Mtu anayeandika leo kwamba kampuni ya simu "inakabiliwa na hatari ya WhatsApp" anazungumzia jambo lililokwisha kutokea na kuingizwa kwenye hesabu za miaka mingi. Hakuna "huenda" ndani yake.

Tofauti hii si ya maneno tu, maana dawa zake hazifanani. Kihatarishi unakikatia bima, unakiwekea akiba, unajenga njia ya pili ya mtandao ili ya kwanza ikikatika watu wasikae gizani. Mwelekeo haukatiwi bima. Hakuna kampuni ya bima itakayokulipa kwa sababu vijana hawapigi simu za kawaida kama wazazi wao. Mbele ya mwelekeo unabadilisha unachouza, unabadilisha bei, au unauza kitengo mapema kabla hakijapoteza thamani. Menejimenti inayouita mwelekeo "hatari" imejipa ruhusa ya kungoja ione kama utatokea.

Tena mwelekeo, peke yake, si mbaya wala mzuri, na katika kampuni inayomiliki mtandao na vyombo vya habari kwa pamoja jambo hili linaonekana waziwazi. Familia inapoacha televisheni ya kulipia ikaanza kutazama kila kitu kupitia intaneti, kitengo cha televisheni kinapoteza ada ya mwezi na sehemu ya mapato ya matangazo. Lakini familia hiyo hiyo sasa inahitaji intaneti yenye kasi zaidi, na kitengo cha pili cha kampuni hiyo hiyo kinaiuzia. Mwelekeo ni mmoja, umenyima huku ukatoa kule. Anayeuandika kwenye orodha ya hatari ameona nusu tu ya hesabu.

Hatari iko wapi basi? Iko kwenye dau ambalo kampuni imeliweka juu ya mwelekeo. Mwaka 2015 AT&T, kampuni ya simu ya Marekani, ilikamilisha ununuzi wa DirecTV, televisheni ya setilaiti, kwa takriban dola bilioni 48.5 bila kuhesabu madeni yake. Kwamba Wamarekani walikuwa wameanza kuachana na televisheni ya kulipia halikuwa siri kwa yeyote aliyekuwa kwenye sekta. Swali lililokuwa wazi lilikuwa kasi: wataondoka polepole kiasi cha kuiruhusu kampuni ivune kwa miaka mingi, au kwa mkupuo? Mwaka 2018 ikaongeza Time Warner, kampuni ya filamu na televisheni, kwa takriban dola bilioni 85, na mwisho wa mwaka huo deni lake lilizidi dola bilioni 170. Februari 2021 ilipokubaliana kuiuzia TPG, kampuni ya uwekezaji, asilimia 30 ya biashara ile ya televisheni, biashara yote ilikadiriwa kuwa na thamani ya dola bilioni 16.25. Aprili 2022 WarnerMedia, jina jipya la Time Warner, nayo ikatengwa na kuunganishwa na Discovery. Watu wanasema AT&T "iliangushwa na mwelekeo wa soko". Mwelekeo ule ule uliwakuta wote. Waliokuwa hawajatoa bilioni 48.5 kwa ajili ya madishi hawakuumia vile.

Mfano ambao bado haujaisha ni wa haki za michezo. Mwaka 2013 Rogers, kampuni ya Kanada yenye simu, intaneti na vituo vya michezo, iliingia mkataba wa miaka 12 kurusha michezo ya ligi ya hoki ya NHL nchini humo kwa dola za Kanada bilioni 5.2. Aprili 2025 ikauongeza kwa miaka mingine 12 kuanzia msimu wa 2026–27, safari hii kwa bilioni 11. Kupanda kwa bei ya haki za michezo ni mwelekeo, kwa kuwa mechi ya moja kwa moja ni miongoni mwa vitu vichache vinavyowaketisha watu wengi mbele ya skrini kwa saa ile ile, na watangazaji wanalijua hilo. Ile bilioni 11 yenyewe ni ahadi: itadaiwa, hakuna shaka. Kihatarishi ni kile kilicho katikati, yaani kama watazamaji na matangazo ya mwaka 2035 vitatosha kuilipia. Hayo ni mambo matatu tofauti kwenye mkataba mmoja, na ninaposoma "hatari ya gharama za michezo" sijui mwandishi ameshika lipi.

Sasa niguse mpaka wa upande wa pili, kati ya kihatarishi na tukio, kwa sababu huko kosa limewahi kuwa la kisheria. Yahoo, kampuni ya barua pepe na tovuti, ilidukuliwa mwishoni mwa mwaka 2014, na watu wake wa usalama wakajua ndani ya siku chache kwamba taarifa za akaunti mamia ya milioni zimechukuliwa. Umma uliambiwa mwaka 2016, wakati Verizon, kampuni ya simu, ilikuwa katikati ya kuinunua. Miaka yote hiyo katikati, ripoti za Yahoo zilieleza kudukuliwa kama jambo linaloweza kutokea. Verizon ilipunguziwa bei kwa dola milioni 350, na mwaka 2018 kampuni iliyobaki baada ya mauzo, Altaba, ikalipa dola milioni 35 kumaliza shauri la SEC, msimamizi wa masoko ya hisa ya Marekani. Mwaka uliofuata Facebook ililipa dola milioni 100 katika shauri la aina hiyo hiyo, bila kukiri wala kukana: SEC ilidai kwamba tangu 2015 kampuni ilijua data za watumiaji zimetumiwa vibaya, na kwa zaidi ya miaka miwili ripoti zikaendelea kusema data hizo "huenda" zikatumiwa vibaya. Kosa lote limekaa kwenye neno moja. Jambo likishatokea haliwi kihatarishi tena, na kuendelea kuliita hivyo ni kumficha mwanahisa hasara iliyokwisha kuingia.

Kwa hiyo "huenda" ya kwenye ripoti ya mwaka si ya kudharauliwa. Orodha ile ya vihatarishi ina historia yake. Sheria ya Marekani ya mwaka 1995 iliipa kampuni kinga fulani dhidi ya mashtaka pale makadirio yake ya mbele yanapokwenda kombo, ili mradi iwe imetoa tahadhari zenye maana, si za jumla jumla. Miaka 10 baadaye, Desemba 2005, SEC ikaanza kudai sehemu maalumu ya vihatarishi ndani ya ripoti ya mwaka. Mwaka 2020 ikaagiza kwamba sehemu hiyo ikizidi kurasa 15, lazima iwe na muhtasari usiozidi kurasa 2. Agizo hilo peke yake linakueleza wanasheria walikuwa wamefika wapi. Wanaandika kila kinachowezekana, kwa kuwa kuacha jambo kuna gharama kuliko kulitaja. Ndiyo maana kutajwa kwa shambulio la wadukuzi hakukuambii kama kampuni hii iko karibu kudukuliwa. Kampuni zote zimelitaja.

Kuna tukio moja ninalopenda watu walisome kwa makini, kwa sababu linaonyesha kihatarishi kikiwa kazini, kikipimwa, kisha kikapimwa vibaya. Tarehe 8 Julai 2022, alfajiri, mafundi wa Rogers walikuwa kwenye awamu ya sita kati ya saba za kuboresha kiini cha mtandao wao, yaani sehemu ya kati inayopitiwa na mawasiliano yote. Mpangilio mpya uliondoa kichujio kwenye ruta (mitambo inayoelekeza data) za usambazaji. Kichujio kile ndicho kilichokuwa kinazuia taarifa za njia zote za intaneti zisimiminike kwenye ruta za kiini. Zikamiminika, ruta zikazidiwa na kuanguka. Kwa vile simu za mkononi na intaneti ya majumbani zilitumia kiini hicho kimoja, zote zilizimika pamoja. Wateja zaidi ya milioni 12 waliguswa, malipo ya kadi za Interac, mtandao wa malipo wa Kanada, yakakwama nchi nzima, na kuna watu waliopiga namba ya dharura 911 bila kupata. Mafundi wenyewe walichelewa kuufikia mtandao ili wautengeneze, maana njia yao ya kuingilia ilipitia mtandao huo huo uliolala.

Uchunguzi ulioagizwa na CRTC, mdhibiti wa mawasiliano wa Kanada, ambao muhtasari wake ulitolewa mwaka 2024, ulikuta jambo ambalo kwangu ni zito kuliko ruta zenyewe. Kazi ile yote ilipoanza ilipewa daraja la hatari kubwa. Awamu za mwanzo zikaenda salama, na mfumo wa kupima hatari ukashusha daraja. Awamu ya sita ikahesabiwa kuwa ya hatari ndogo, ikapita bila uangalizi wa ziada. Kufaulu kwa awamu zilizotangulia kulisomwa kana kwamba ni mwelekeo: mambo yanakwenda vizuri, kwa hiyo yataendelea kwenda vizuri. Lakini madhara ambayo awamu ya sita ingeleta ikikosewa hayakupungua hata chembe kwa sababu zilizotangulia zilifaulu. Hapo ndipo mchanganyo ninaoulalamikia unapotoka kwenye maandishi ukaingia kwenye mitambo.

Wapo watakaosema ninalazimisha mipaka mahali ambapo ripoti zenyewe hazina mipaka, na ni kweli kwamba kampuni nyingi huandika mielekeo ndani ya sehemu ya vihatarishi. Ila soma sentensi yenyewe. Mara nyingi utakuta wameandika kwamba watazamaji wanahamia mtandaoni, kisha wakaongeza kwamba uhamaji huo ukizidi kasi waliyoitarajia, mapato yatashuka. Nusu ya kwanza ni mwelekeo, ya pili ni kihatarishi. Wanaonukuu huchukua nusu ya kwanza na kuiacha ya pili, ambayo ndiyo yenye kazi.

Basi ndugu zangu mnaoziandikia ripoti hizi, ombi langu ni dogo. Badala ya "kampuni imekiri", andikeni "kampuni imetaja". Masuala kama WhatsApp na kupungua kwa madishi yawekeni kwenye mielekeo, kisha mwulizeni mkurugenzi wa fedha ameweka kiasi gani juu yake na kwa kasi ipi. Na kabla ya kunukuu kihatarishi chochote kama habari mpya, fungueni ripoti ya mwaka uliotangulia muiweke kando ya hii. Aya iliyonakiliwa neno kwa neno iacheni ipite. Ile ambayo mwaka jana ilisema "huenda" na mwaka huu ina tarehe ndani yake, hiyo ndiyo ya kuandika.