Roketi inayotua haijafika kwenye obiti

Ukiona video ya Falcon 9, roketi ya kampuni ya SpaceX, ikitua wima, ni rahisi kusema roketi imezunguka dunia na kurudi. Hapana. Kilichorudi ni kipande cha chini tu, lile bomba refu lenye injini 9. Huachana na cha juu baada ya dakika mbili na nusu hivi, kikienda kama kilomita 2 kwa sekunde. Obiti, yaani njia ya kuizunguka dunia, inataka karibu 8. Cha juu ndicho hufika huko, nacho hakitumiki tena.

Wala kipande cha chini hakielei hewani kabla ya kutua. Tangi likikaribia kuwa tupu, hata injini moja iliyopunguzwa nguvu ingekiinua upya. Basi huwashwa kwa hesabu kali: mwendo uishe pale pale miguu inapogusa mahali pa kutua. Ikichelewa kidogo tu, ni vyuma chakavu.