Tramu: maana yake, na jinsi Los Angeles ilivyozifuta za kwake

Tramu ni behewa la abiria linalopita juu ya reli zilizolazwa ndani ya barabara ya mjini. Reli zenyewe huzamishwa zikawa sawa na uso wa barabara, ili gari, baiskeli na mwenye mkokoteni waweze kupita juu yake. Hapo ndipo inapoachana na treni. Treni ina njia yake, na anayeikatiza anajua kwamba amevamia. Tramu haina pake. Inasimama kwenye makutano, inasubiri lori lishushe mzigo, inapiga kengele na kumwomba mwenye punda asogee.

Mwanzoni ilivutwa na farasi. New York walikuwa nayo tangu 1832. Mwaka 1888, mhandisi Frank Sprague alifanikiwa kuendesha mtandao mzima wa tramu kwa umeme katika mji wa Richmond, Virginia. Waya ulitandazwa juu ya barabara, na fimbo ndefu iliyosimama juu ya paa la behewa ikawa inauteka umeme huku gari likienda. Baada ya hapo miji ya Marekani iliacha farasi upesi sana.

Mji ambao tramu zake zinasimuliwa kuliko za mji mwingine wowote ni Los Angeles, na kwa sababu nzuri. Leo ukiutaja, mtu anafikiria foleni na barabara za njia nane. Lakini mwanzoni mwa karne iliyopita eneo hilo lilikuwa na mtandao wa reli za umeme uliopita kilomita 1,600, ambao hakuna uliokuwa ukiufikia duniani. Magari ya njano ya kampuni ya Los Angeles Railway yalihudumia katikati ya mji. Magari mekundu ya kampuni ya Pacific Electric yalitoka mjini kwenda vitongojini na miji ya jirani, na huko nje mengi yalikuwa na njia yao wenyewe kama treni. Ya njano yalitumia reli za upana wa milimita 1,067, sawasawa na TAZARA. Mekundu yalitumia milimita 1,435, upana wa SGR ya leo. Penye mtaa uliotumiwa na yote mawili zililazwa reli tatu, moja ya kutumiwa na wote na moja moja ya kila kampuni.

Sasa, nani anajenga kilomita zote hizo kwenye mashamba ambayo hayana watu? Henry Huntington, aliyeanzisha Pacific Electric mwaka 1901, alikuwa mfanyabiashara wa ardhi kama alivyokuwa mtu wa reli. Ardhi ya mbali ilikuwa rahisi. Ukiinunua kabla ya laini kufika, kisha ukaifikisha laini, kiwanja kinapanda bei siku hiyohiyo. Msomaji wa Dar es Salaam au Nairobi aliyewahi kusoma tangazo la viwanja vya "dakika kumi kutoka lami" ameshaelewa biashara yote. Tarehe 4 Julai 1902 ilifunguliwa laini ya kwenda Long Beach, umbali wa kilomita 32 hivi, na nyingine zikafuata.

Kwa maoni yangu hili ndilo jambo linalosahaulika zaidi katika habari za tramu. Nauli haikuwa lengo, na kwa abiria peke yao Pacific Electric mara nyingi haikupata faida. Iliwezekana kuvumilia hasara hiyo maadamu viwanja vinauzwa. Vilipokwisha kuuzwa, zilibaki reli za kutengeneza, mishahara ya kulipa na abiria waliozoea nauli ya chini. Mwaka 1911 kampuni iliingia mikononi mwa kampuni kubwa ya reli, Southern Pacific, na hao walivutiwa zaidi na mizigo.

Kisha yakaja magari ya watu binafsi, na ile tabia ya tramu ya kugawana barabara ikawa balaa. Gari moja likiegeshwa vibaya linaziba mtaa mzima, kwa kuwa tramu haiwezi kulikwepa. Aprili 1920 halmashauri ya jiji ilijaribu kupiga marufuku kuegesha magari katikati ya mji nyakati za mchana. Tramu zikaenda vizuri, wenye maduka wakapiga kelele, na marufuku ikalegezwa katika wiki chache tu. Kuna uonevu mwingine usioonekana: katika miji mingi ya Marekani mkataba uliilazimu kampuni ya tramu kutengeneza sehemu ya barabara kati ya reli zake na kando yake. Yaani kampuni ikawa inamsawazishia njia mshindani wake, wakati nauli ya senti tano haiwezi kuipandisha bila ruhusa. Jambo la namna hiyo liliikuta hata Unguja: reli ya Bububu, iliyojengwa na kampuni ya Kimarekani na kufunguliwa 1905, ilipita katikati ya mitaa ya Mji Mkongwe, na abiria wakaihama barabara ya magari ilipotengenezwa.

Wengi watakwambia kwamba General Motors, kampuni ya kuunda magari, ndiyo iliyoziua tramu za Los Angeles. Kuna ukweli ndani yake. Kampuni iitwayo National City Lines, yenye fedha za General Motors, Firestone ya matairi, Standard Oil ya California ya mafuta na wengine, ilinunua tramu za miji mingi na kuweka mabasi. Magari ya njano yaliangukia kwa kampuni yake tanzu katikati ya miaka ya 1940. Mwaka 1949 mahakama ya Chicago iliwatia hatiani kwa kula njama ya kuhodhi uuzaji wa mabasi na vifaa, ikawatoza faini ya dola 5,000 kila kampuni, fedha isiyomtoa jasho yeyote kati yao. Lakini shtaka la njama ya kuhodhi usafiri wenyewe halikuthibitika, na magari mekundu hayakuwahi kuwa mali ya National City Lines. Yalikufa bila kuhitaji muuaji.

Laini ya Long Beach, iliyotangulia kujengwa, ndiyo iliyokuwa ya mwisho kati ya mekundu. Ilipita mtaa wa Watts, pale mjenzi Simon Rodia aliposimamisha minara yake maarufu kando ya njia. Vyuma vingi alivikunja kwa kuvibana kwenye reli. Laini hiyo ilifungwa Aprili 1961. Ya njano yalimaliza kazi Machi 1963.

Reli za katikati ya mitaa zilifukiwa au kung'olewa, na hakuna aliyezirudia. Njia ya Long Beach ilisalimika kwa sehemu kubwa kwa sababu haikuwa ndani ya barabara, na treni za mizigo za Southern Pacific ziliendelea kuitumia. Kwa hiyo serikali ilipotaka tena reli ya abiria, ardhi ilikuwapo bila kubomoa nyumba za watu, na Julai 1990 magari ya reli ya umeme yakaanza kwenda Long Beach kwa kufuata sehemu kubwa ya njia ya Huntington. Ile ya kwenda Santa Monica, iliyoacha kubeba abiria mwaka 1953, ilifufuliwa kwa namna hiyohiyo na kufika baharini mwaka 2016.