Kujumlisha sehemu zenye asili tofauti

Katika sehemu yoyote, namba ya chini, yaani asili, huonyesha kitu kizima kimegawanywa vipande vingapi vilivyo sawa, na namba ya juu, yaani kiasi, huhesabu vipande vilivyochukuliwa. Asili zikitofautiana, vipande havina ukubwa mmoja, na kuvihesabu pamoja hakuna maana mpaka vikatwe upya vilingane.

Kosa tunalokutana nalo sana tunaposahihisha kazi za wanafunzi ni kujumlisha juu kwa juu na chini kwa chini, hata 1/2 + 1/3 ikawa 2/5. Jibu hilo linajiumbua lenyewe, kwa kuwa 2/5 ni ndogo kuliko nusu tuliyoanza nayo, ilhali tumeiongezea kitu. Wala si ajali ya namba hizo mbili tu: ukifanya hivyo kwa sehemu zozote chanya zisizo sawa, jibu huangukia katikati ya hizo mbili, wakati jumla ya kweli lazima izizidi zote. Mwanafunzi aliyezoea kulinganisha jibu na sehemu alizopewa hulibaini kosa hili bila kusubiri mwalimu.

Chukua ukanda wa karatasi, ukunje uwe theluthi tatu, kisha uukunje tena katikati. Ukiukunjua utaona visanduku sita: nusu ya ukanda ni visanduku vitatu, theluthi ni viwili, na kwa pamoja ni 5/6.

Sita hiyo ndiyo Kigawe Kidogo cha Shirika (KDS) cha 2 na 3, yaani namba ndogo kuliko zote inayogawanyika kwa zote mbili bila baki. Pale ambapo asili hazina kigawo cha shirika (namba inayozigawa zote bila baki) zaidi ya 1, kuzizidisha kunatosha. Kwa 5/12 + 7/18, hata hivyo, kuzidisha asili huleta 216, na mwanafunzi hujikuta na 90/216 + 84/216 = 174/216, hesabu sahihi lakini nzito bila sababu. KDS ya 12 na 18 ni 36. 5/12 huwa 15/36, 7/18 huwa 14/36, na jumla ni 29/36, ambayo ndiyo 174/216 iliyorahisishwa.

Wapo wanaodhani kwamba ukitumia KDS huna haja ya kurahisisha jibu. Si kweli: 1/6 + 3/10, kwa KDS ya 30, ni 5/30 + 9/30 = 14/30, na hiyo bado hurahisishwa kuwa 7/15.

Tukirudi kwenye ile 2/5, Wamisri wa kale, ambao karibu sehemu zao zote waliziandika kwa kiasi cha 1, waliijua jumla inayoizaa kwa haki. Katika mafunjo ya Rhind, hati ya hisabati ya Misri ya kale, yaliyonakiliwa na mwandishi Ahmes takriban mwaka 1550 kabla ya Kristo, 2/5 imeandikwa kama 1/3 na 1/15, yaani 5/15 + 1/15 = 6/15.