Umejitoa kwenye ubia? Madeni ya zamani bado yanakuhusu

Kila Wiki ya Sheria inapofika, dawati la msaada wa kisheria hapa Arusha hupokea lalamiko lilelile: "Nilishajitoa, tukaandikiana kwa wakili, mbona mdai ananifuata mimi?" Ni vyema majibu haya yasomwe kabla ya kusaini, si siku dalali wa mahakama anapogonga geti.

Ubia unaongozwa na Sheria ya Mikataba, Sura ya 345. Deni lililoingia ukiwa mbia unabaki nalo hata ukishaondoka. Makubaliano kwamba "mwenzangu atalipa yote" hayamfungi mdai ambaye hakuyasaini. Yanakupa tu haki ya kumdai mwenzako akurudishie ulicholipa, na kama hana kitu, umebaki na karatasi. Mjumbe kushuhudia hakubadili chochote hapa, tafadhali.

Chukua duka la vifaa vya ujenzi pale Kilombero. Mbia mmoja anajitoa Juni 30. Saruji iliyochukuliwa kwa mkopo Juni 12 ni deni lake pia. Oda iliyokubaliwa Juni 28, mzigo ukashushwa Julai 3, nayo asidhani ameikwepa, kwa sababu mkataba ulifungwa angali mbia. Oda mpya ya Agosti haimhusu, mradi msambazaji alijua ameondoka.

Kwenye huko kujua ndiko wengi wanakonasa. Msambazaji aliyezoea kufanya biashara nanyi ana haki ya kukuhesabu mbia mpaka apewe taarifa. Kwa wasiowahi kushughulika nanyi, tangazo katika Gazeti la Serikali linatosha. Kwa wale wa siku zote, peleka barua. Itaje jina la biashara, namba ya usajili, tarehe ya kujitoa na salio la siku hiyo kwa namba za ankara. Beba nakala mbili. Moja igongwe muhuri wa kupokelewa, wenye tarehe, na aliyepokea aandike jina lake. Ujumbe wa WhatsApp kwa kijana wa stoo utakuletea ubishi tu.

BRELA, kwa wakala wa usajili wa biashara, nako mabadiliko yaingizwe kwenye mfumo wa usajili kwa njia ya mtandao, ndani ya muda wa kisheria. Kuchelewa kuna adhabu. Hakikisha pia taarifa za TRA na leseni ya biashara zimerekebishwa. Lakini jina kuondolewa kwenye usajili hakufuti deni hata shilingi moja. Usajili ni kitu kimoja, deni ni kingine.

Njia ya kutoka kabisa ni makubaliano ya pande tatu: wewe, wabia wanaobaki na mdai, na mdai akubali kwa maandishi kwamba kuanzia sasa anawadai wao pekee. Benki hukubali kwa nadra, na mara nyingi hutaka kwanza dhamana mbadala. Kama uliweka dhamana binafsi au hati ya nyumba, huo ni mkataba wa peke yake. Kujitoa kwenye ubia hakuugusi. Omba barua ya kuachiliwa, na hati irudi mkononi.

Jambo moja husahaulika sana. Wabia waliobaki wanapolipa bila kusema wanalipia ankara ipi, mdai anaweza kuchagua deni la kulipunguza. Akichagua oda mpya, deni lako la zamani linakaa palepale. Mkubaliane tangu mwanzo kwamba kila malipo yataje namba ya ankara za kabla ya wewe kujitoa, na upewe nakala ya stakabadhi.

Muda wa kufungua shauri la deni la mkataba ni miaka 6. Ila ukisaini maandishi ya kukiri deni kabla muda huo haujaisha, hata kama ni kale ka "nitamalizia mwezi ujao", hesabu inaanza upya. Mdai akikuletea karatasi ya "kulinganisha hesabu", usisaini papo hapo. Ilete kwanza dawatini, pamoja na hati ya ubia na zile barua zenye muhuri.