Turubai yenye vitu vichache si kazi ya mvivu

Kwenye maonyesho ya picha hapa Lamu, mbele ya turubai ya rangi moja hakosekani mtu wa kusema, "Hii hata mwanangu angeichora." Dhana hiyo ni ya zamani, na haina msingi.

Chukua mraba mweusi ambao mchoraji Kazimir Malevich aliuonyesha Urusi mwaka 1915. Rangi yake imepasuka, na kwenye nyufa zinachungulia rangi nyingine. Mwaka 2015 wataalamu wa jumba la sanaa la Tretyakov, Moscow, walitangaza kuwa eksirei imeonyesha picha mbili chini yake.

Au Tehching Hsieh, msanii mzaliwa wa Taiwan. Kuanzia Aprili 1980, jijini New York, kama kazi yake ya sanaa, aligonga kadi kwenye saa ya mahudhurio kila baada ya saa moja, usiku na mchana, mwaka mzima. Kati ya mara 8,760 alikosa 133 tu, nyingi kwa usingizi. Tendo lenyewe ni la sekunde chache. Jaribu kuamka saa nane, saa tisa na saa kumi za usiku, hata kwa wiki moja!

Sisi watu wa Lamu ndio tusingepaswa kushangaa. Katika nyumba za mawe, ukuta wa chokaa nyeupe hupambwa na vivuli vya zidaka, yaani vishubaka vya ukutani. Fundi akiteleza na mwiko, jua la ubavuni humuumbua.

Kazi tupu kwelikweli zipo, sikatai. Zihukumiwe moja moja, kama zile picha za majahazi na machweo zinazouzwa kila kichochoro.